Barua kwa Rehema kuhusu filamu ya Wapolandi wa Tengeru

Kwako Rehema,

Salamu nyingi. Wazo lako la filamu kuhusu wakimbizi wa Kipolandi wa Tengeru nimelipenda, ila usianze na makaburi. Kila mtu huanzia hapo kwa kuwa ndiyo yaliyobaki, na filamu inageuka maombolezo.

Anza na ramani ya Poland ya kabla ya 1939. Watu hao, kama 5,000 hivi, wengi wao kina mama na watoto, walitoka mashariki mwa nchi hiyo. Kuanzia Februari 1940 Wasovieti waliwahamishia Siberia na Kazakhstan. 1942 wakatoka kupitia Uajemi, ndipo Waingereza wakawaleta Tanganyika, kwenye kambi ya Tengeru, karibu na Arusha. Vita vilipokwisha, mpaka ulikuwa umesogezwa: Lwów leo imo Ukraine, na Wilno ndiyo mji mkuu wa Lithuania. Kwa hiyo ukimuuliza mzee kwao ni wapi, huenda akataja mji ambao haumo tena Poland. Filamu yako imo kwenye jibu hilo, usimsahihishe.

Kuna pia suala la umri. Aliyekuwa na miaka 8 mwaka 1942 sasa ameshapita 90, na kumbukumbu zake ni za kitoto: ndizi, shule, skauti, Mlima Meru. Njaa ya Siberia na mazishi ya njiani waliyajua zaidi mama zao, ambao hawapo tena. Anayesema Tengeru ilikuwa paradiso hadanganyi, lakini peke yake hatoshi. Tafuta barua na albamu za familia, na wazee wa Kimeru waliokulia jirani na kambi.

Picha zichanganue kwa skana pande zote mbili, doti 600 kwa inchi, maana majina mara nyingi yapo nyuma. Angalia: kaka akiwa Kowalski, dada ni Kowalska. Ukitafuta jina moja tu kwenye nyaraka za Taasisi ya Sikorski, London, au za kituo cha kumbukumbu cha Karta, Warsaw, nusu ya familia itakupotea.

Siku ya mahojiano, bana maikrofoni shubiri moja chini ya kidevu, mbali na mkufu. Zima friji, mngurumo wake usiingie kwenye rekodi, kisha weka funguo za gari humo ndani. Hutaondoka bila kuiwasha. Rekodi nusu dakika ya ukimya wa chumba, la sivyo kila mkato utasikika utakapohariri. Mpe mzee picha moja tu mkononi, kwani akishika albamu atafunua kurasa huku anaongea. Na aongee Kipolandi, hata kama Kiingereza chake kimenyooka. Mkalimani asimkatize.

Makaburi yaache hadi mwisho. Yamo ndani ya eneo la chuo kimoja hapo Tengeru, omba kibali mapema. Nenda asubuhi jua likiwa chini, mwanga wa ubavuni ndio unaoyatoa maandishi yaliyochongwa. Saa sita mchana jiwe huonekana tupu. Machi hadi Mei usipange kabisa, hiyo ni masika.

Wasalaam,
Zuhura