Kwenu hasa ni wapi?

Ndugu Mhariri,

Nilipokwenda kujiandikisha kwa ajili ya kitambulisho, karani aliniuliza kabila. "Mnubi," nikajibu. Akaniangalia, kalamu hewani: "Na kwenu hasa ni wapi?" Sisi Wanubi ni wazao wa askari waliotoka Sudan enzi za ukoloni, lakini kwetu ni hapa hapa Bombo, Uganda. Babu yangu kazikwa hapa.

Swali lile lilinirudisha kwa Profesa Mahmood Mamdani, msomi wa siasa aliyekulia Kampala na kufukuzwa nchini pamoja na Waasia wenzake mwaka 1972. Hoja yake ni kwamba Mwingereza hakuyakuta makabila yakiwa yamezungushiwa ua. Alichora mipaka mwenyewe, kila eneo akaliwekea chifu na sheria za mila, na anayevuka mpaka akageuka mgeni. Hata kaunti za Buyaga na Bugangaizi zilikatwa kutoka ufalme wa Bunyoro zikapewa ufalme wa Buganda, mpaka kura ya maoni ya 1964 ikazirudisha.

Mkoloni kaondoka, kalamu tumebaki nayo. Mwaka 1986 tulikuwa na wilaya 33. Leo zinapita 130. Tunaambiwa ni kusogeza huduma (wapo waliozipata, sikatai), lakini wilaya mpya haikawii kuzua swali: ya nani? Katiba ya 1995 nayo iliorodhesha jamii 56 za wenyeji, baadaye zikawa 65. Sisi Wanubi tumo. Karani yule pengine hakufika ukurasa huo.

Gazeti lako likizichambua hoja hizi kwa Kiswahili tutasoma, maana huku kwetu Kiingereza cha mihadhara ya Makerere hakifiki.

Msomaji wako,
Bombo, Luwero