Asante mzee wa stoo ya filamu

Jamani naomba nimshukuru mzee mmoja wa hapa Kampala, jina hataki litajwe na mimi namheshimu. Tulikuwa tunatafuta picha za kuweka kwenye filamu yetu, za uwanja wa Kololo hapa Kampala, ule usiku wa kuamkia tarehe 9 Oktoba 1962 bendera ya Uingereza inashushwa na ya Uganda inapanda, na yeye ndo alitufungulia makopo ya filamu za milimita 16 moja moja, maana lebo nyingi zimefutika, inabidi uvute kipande uangalie fremu kwenye mwanga ndo ujue ni nini. Kopo likitoa harufu ya siki aliliweka mbali na mengine, hiyo ni asetati, yaani plastiki ya utepe wa filamu, inaoza na mvuke wake unaharibu hata zile nzima (wengi hawajui hili!). Halafu akatuelekeza mwenye haki za zile picha ni nani tumwandikie, kazi ambayo watazamaji hawaioni kabisa na bila hiyo filamu haiendi popote. Mzee wangu, hata chai ulikataa tukulipie. Siti ya mbele tumekuwekea siku ya kuonyesha, uje na mama tafadhali.