Barua ya wazi kwa Waziri wa Jinsia, Kazi na Maendeleo ya Jamii: Kina mama walioibeba sanaa yetu

Mheshimiwa Waziri,

Nakuandikia wewe kwa sababu utamaduni uko chini ya wizara yako, na haki za wanawake ziko hapo hapo.

Mwaka 1966 Okot p'Bitek alichapisha Song of Lawino, na mpaka leo Uganda inatajwa kwa utenzi huo. Mama yake, Lacwaa Cerina, alikuwa mwimbaji na mtunzi wa nyimbo za Kiacholi. Mtoto alilelewa ndani ya nyimbo kabla hajashika kalamu. Lakini waulize wanafunzi wa sekondari jina la mama huyo, uone ni wangapi watakujibu. Na huyo walau jina lake liliandikwa.

La mama yangu halikuandikwa. Baba alitunga michezo ya kuigiza kwa Kiganda. Aliandika usiku, na mama alinakili asubuhi, kwa kuwa mwandiko wa baba uliwashinda waigizaji. Wengine hawakujua kusoma kabisa. Hao walikuja jioni wakaketi jikoni, na mama, huku akimenya matoke, aliwatamkia maneno ya kila mhusika mpaka yakawakaa. Mavazi aliyashona yeye kwa cherehani ya mkono. Mabango yalilipiwa na nyanya alizouza soko la Nakawa. Mwandishi mwenzao, Byron Kawadwa, alipouawa mwaka 1977 chini ya utawala wa Idi Amin, hofu ilituingia nyumbani. Mama akayafunga madaftari ya baba kwenye nailoni na kuyafukia ndani ya gunia la maharagwe. Ndiyo maana yapo.

Ninayo karatasi ya ratiba ya onyesho mojawapo. Mpiga ngoma katajwa, fundi wa taa katajwa, hata aliyeazima viti katajwa. Mama hayumo. Baba alikuwa mtu mwema na nampenda, ila kazi ile aliihesabu kuwa ya nyumbani tu, na taifa zima likahesabu hivyo hivyo.

Mheshimiwa, kila wilaya ina ofisa wa maendeleo ya jamii. Naomba maofisa hao wawatafute wake, mama, dada na mabinti wa waandishi, waigizaji, wachongaji na wapiga muziki, wawarekodi kwa lugha zao wenyewe, na sauti hizo zihifadhiwe mahali ambapo mwanafunzi atazisikiliza bila kuzungushwa.

La haraka zaidi ni haki ya warithi. Sheria ya Hakimiliki ya 2006 inailinda kazi ya mwandishi maisha yake yote na miaka 50 baada ya kifo chake. Wajane wangapi wameambiwa hivyo? Mchezo wa baba uliigizwa katika shule moja, viingilio vikatozwa, na mama akapata habari sokoni. Sheria hiyo ielezwe redioni, kwa Kiganda, Kiacholi, Lugbara, Kiswahili, mpaka mama muuza nyanya aijue haki yake.

Mama yangu sasa amepita miaka 80, na akili yake ni timamu. Anaweza kuusema mchezo mzima, wahusika wote. Ukimtuma mtu na kinasa sauti, afike kabla ya saa sita mchana. Jioni mama huchoka.

Wako katika ujenzi wa taifa,
Mkazi wa Naguru, Kampala