Mpeleke Bombo, ila kwanza mtafutieni pa kulala

Mbagala, Dar es Salaam

Shoga yangu mpenzi,

Salamu nyingi kwako, kwa mama na kwa watoto. Huku hatujambo, mvua tu ndizo zinazotusumbua. Barua yako imefika na nimeisoma pamoja na kaka, maana yeye ndiye aliyepita njia hiyo ya kuuacha unga, yaani heroini. Kwa hiyo haya ninayokuandikia nusu ni maneno yake.

Umesema mzee anataka mdogo wako afungiwe chumbani mpaka unga umtoke. Nakuomba sana, msimfungie. Arosto, yale mateso ya kuukosa unga, itamtesa siku za mwanzo, atatapika, ataharisha, mifupa itamuuma na usingizi utakataa kabisa, halafu baada ya wiki hivi mwili utatulia na nyote mtadhani yameisha. Hatari inaanzia hapo. Mwili unakuwa umeshapoteza mazoea ya unga, lakini hamu iko palepale. Akitoka akarudi maskani kwa wenzake wa unga na kutumia kiasi kilekile cha zamani, pumzi inakatika. Ipo dawa ya kumrudishia mtu pumzi, naloksoni, lakini mpaka afikishwe kwenye hiyo dawa mara nyingi muda umeshapita. Kijana wa jirani yetu hapa tulimzika hivyo, muda mfupi tu baada ya kutoka soba, zile nyumba za kuwaachisha watu unga, na wazazi wake walikuwa wameuza kiwanja kumlipia. Sisemi soba zote hazifai, wapo waliotulia kwa njia hiyo. Ninachosema ni kwamba mtu wa unga asiachishwe kisha akaachwa hivihivi.

Ile methadoni uliyoniulizia, dawa ya kunywa inayoshika nafasi ya unga, inafanya kazi, shoga yangu. Shirika la Afya Duniani liliiingiza kwenye orodha ya dawa muhimu mwaka 2005. Hapa nchini Hospitali ya Muhimbili walianza kuitoa Februari 2011, wakafuata Mwananyamala 2012 na Temeke 2014, na sasa imefika mikoani; ninyi Tanga mnaipata Hospitali ya Bombo. Na kweli ni bure kama ulivyosikia. Kaka yangu alikuwa anajidunga, amekonda, hakuna ndugu aliyekubali alale kwake. Leo anachomelea mageti na anachangia ada ya mwanangu. Mama yetu anamwachia funguo za nyumba.

Lakini dawa ni bure, nauli si bure, na hili ndilo nataka ulikalie na familia kabla ya jambo lingine lolote. Methadoni inanywewa kila siku, Jumapili na Idi zikiwemo. Hupewi chupa ukaenda nayo nyumbani kama dawa ya kikohozi. Nimewahi kumsindikiza kaka nikajionea. Anafika dirishani, anatoa kadi, mfamasia anamtazama usoni kwanza kuona kama amelewa au anasinzia. Anampimia dozi kwenye kikombe kidogo, kaka anakunywa palepale. Kikombe kinatiwa maji kidogo, anakunywa na hayo. Kisha anaulizwa kitu ili aongee, wajue amemeza na hakuificha mdomoni. Kaka husema "asante, mpaka kesho", anaondoka. Haichukui hata dakika mbili, lakini ili kuzipata hizo dakika mbili mtu amedamka alfajiri na kupanda magari, na kibarua cha asubuhi kimempita. Walioanza na kaka wakaacha, wengi hawakuacha kwa kuupenda unga. Walishindwa nauli.

Sasa fikiria kutoka kwenu Pangani mpaka Tanga mjini, kila siku, kwenda na kurudi. Hamtaweza, na kukatiza katikati kuna hatari yake, kwa sababu akikosa siku kadhaa mfululizo dozi yake ya zamani hairudishwi hivihivi. Hupunguzwa, ipandishwe upya polepole, maana mwili umeshaizoea hali ya kutokuwa nayo na dozi ileile inaweza kumuua. Ndiyo maana nasema mtafutieni kwanza pa kulala mjini. Mama mdogo wako wa Makorora bado yupo? Kaeni naye, mwelezeni kila kitu bila kumficha, mchangieni chakula. Akimpokea hata kwa mwaka mmoja tu, mmeshavuka sehemu ngumu kuliko zote. Baadaye akitulia, waulizeni kliniki kama kuna utaratibu wa kupewa dozi za nyumbani, lakini msianze kwa kutegemea hilo.

Pa kuanzia ni kwenye asasi zinazowafuata vijana maskani. Wale waelimishaji rika, wengi wao wametumia wenyewe, ndio wanaowaandaa na kuwapeleka kliniki. Piga simu Bombo uulize wanafanya kazi na asasi ipi. Huko watampima mkojo, watampima virusi vya Ukimwi, kifua kikuu na homa ya ini, na sisi tulitakiwa tuwe na ndugu wa kumsimamia. Naomba ndugu huyo uwe wewe, si mzee, maana mzee ana hasira na mgonjwa atamkimbia.

Wiki za mwanzo ndizo za kumkalia karibu. Dozi huanza chini kwa usalama wake, kwa hiyo bado atahisi arosto, na atakwambia dawa hii ni maji tu, haina kitu. Hapo ndipo wengine huongezea unga juu yake, au pombe, au valiamu za dukani, vile vidonge vya usingizi. Vikichanganyika na methadoni vinaweza kumlaza asiamke. Mwambie amweleze daktari kwamba haimtoshi, wampandishie wao. Na akikutwa na kifua kikuu, hakikisha kliniki inajua amepewa dawa gani, maana rifampisini huiondoa methadoni mwilini upesi na arosto ikamrudia kabla hakujakucha. Kaka yalimkuta hayo akaambiwa anadanganya, mpaka muuguzi mmoja alipolisoma faili lake vizuri.

Umeniandikia pia kwamba alimwambia mama bora afe. Msilipuuze hilo wala msimkemee. Muulize waziwazi kama anafikiria kujiua. Kumuuliza hakumtii wazo kichwani, kunampa nafasi ya kulisema. Najua watu wanaogopa polisi, na ni kweli kwetu kujaribu kujiua bado ni kosa kwenye sheria, wakati Kenya Mahakama Kuu ilikitangaza kifungu kama hicho kuwa kinyume cha katiba Januari 2025. Hofu hiyo isiwafanye mkamficha ndani. Kaka, unga ulipomwachia, sonona ndiyo iliyobaki. Alikuwa ananywa dozi kisha anageukia ukuta kutwa nzima, na hakuna aliyemuuliza habari za moyo wake mpaka tulipoomba aonane na daktari wa akili. Madaktari hao ni wachache nchini na wengi wako miji mikubwa, kwa hiyo usingoje mpaka umpate bingwa. Nenda hospitali ya wilaya hapo, uliza mratibu wa afya ya akili ni nani, aanze kumwona hata kabla hamjapanga safari ya Tanga. Inaniuma kwamba mtu hushughulikiwa damu, mkojo na mapafu, halafu kichwa kinaachwa.

Watu watakuuliza ataiacha lini hiyo methadoni. Baba mdogo anameza vidonge vya presha miaka yote hii na hatujamuuliza ataviacha lini. Asiharakishwe. Na mama akitaka kisomo, kisomo kisomwe, mradi asubuhi dozi inywewe.

Nijibu kabla ya Ijumaa kama mama mdogo amekubali. Kaka anataka kuja Tanga kuzungumza na mdogo wako mwenyewe, wakae wawili, lakini inabidi kwanza aombe kliniki yake imwandikie barua ili siku atakazokuwa huko apate dozi Bombo, na barua hiyo haitoki kwa siku moja. Nitumie pia namba ya huyo wa asasi ukishaipata.

Wako akupendaye,
Mama Zuhura