Barua kwa Mwanaidi kutoka Jaipur

Jaipur, India, 8 Februari

Mwanangu Mwanaidi,

Assalaam alaykum. Sisi huku wazima. Baba yako mdogo amevishwa mguu wa bandia jana, leo anajifunza kuukanyagia huku ameshika vyuma viwili, na tayari anabishana na wauguzi kwa Kiswahili. Mwambie bibi asikeshe kwa mawazo.

Asubuhi hii nilikuwa na nafasi, nikaenda Jantar Mantar. Unakumbuka ulipokuwa darasa la tatu ukaniuliza: ikiwa saa sita ndiyo jua la utosi, mbona adhana ya adhuhuri inachelewa? Nilikwambia ukamuulize maalim. Haya, sikuwa na jibu, ndiyo maana.

Uwanja huu wa kupimia jua na nyota aliujenga Jai Singh wa Pili, mtawala wa mji huu, ukakamilika mwaka 1734. Ukiingia bila kuelezwa utadhani mafundi walikuwa wamelewa. Ngazi zinapanda hewani na kukomea hapo hapo, kuta zimepindwa kama mbavu za jahazi. Nilitafuta chumba hata kimoja kwenye jengo kubwa, hakuna. Lote ni saa.

Linaitwa Samrat Yantra. Ni ukuta wa pembetatu wenye kimo cha karibu mita 27, ngazi ikipita juu ya mgongo wake, na kila upande tao kubwa la mawe lililochorwa alama. Asubuhi kivuli cha ukuta huanguka tao la magharibi, kinashuka taratibu. Jua likivuka, kinapanda la mashariki. Mtembezaji wetu aliweka kidole kwenye marumaru, akasema tungoje. Mwanangu, kivuli kilikipita kile kidole tukikitazama! Karibu sentimita 6 kwa dakika. Nimejenga miaka 30, sijawahi kuona saa ikitembea juu ya ukuta kama siafu.

Mgongo wa ukuta umelala kwa nyuzi 27 kwa sababu Jaipur iko nyuzi 27 kaskazini mwa ikweta, hivyo unaelekea pale anga linapozungukia. Nikapiga hesabu, ile ile uliyonifundisha ukinicheka na kamba yangu ya tatu-nne-tano ya kupimia pembe mraba. Kwetu Tanga tuko nyuzi 5 kusini. Saa hii tungeijenga kwetu ingeelekea kusini, tena ngazi yenyewe ingekuwa mteremko tu wa kupitishia mkokoteni.

Jai Singh alianza na vyombo vya shaba, akaona ni vidogo na vinalika kwenye mhimili. Ndipo akahamia kwenye mawe na chokaa. Hapo nilimpenda. Lakini kuna jambo lililonichekesha: alama zinafika hadi sekunde 2, ilhali ukingo wa kivuli chenyewe umefifia, huwezi kusema kinaishia wapi hasa, maana jua si nukta, lina upana wake. Dawa ni kushika uzi mwembamba karibu na jiwe na kuangalia kivuli cha uzi kinamezwa wapi. Uzi, mwanangu! Chombo changu mwenyewe.

Kuna pia mabakuli mawili ya marumaru yaliyochimbiwa ardhini, anga limechorwa ndani yake kichwa chini. Kila bakuli limekatwa vipande ili mtu ashuke na kusimama katikati, na palipokatwa kwenye hili, kwenye lile pana jiwe. Kivuli kikidondokea kwenye uwazi, unahamia bakuli la pili. Nilikaa hapo mpaka mlinzi akanikoholea.

Sasa jibu lako. Kivuli kilikuwa nyuma ya saa yangu ya mkononi kwa takriban dakika 40. Saa za India nzima hufuata mstari unaopita Mirzapur, mashariki ya mbali na hapa, na jua huchelewa kufika Jaipur. Juu yake, mwezi huu jua lenyewe liko nyuma ya saa za mitambo kwa kama dakika 14. Sisi nasi saa zetu zinafuata mstari wa nyuzi 45 mashariki, ule wa karibu na Mogadishu. Tanga iko nyuzi 39 mashariki, magharibi ya mstari huo, kwa hiyo jua huchelewa kutufikia na sisi. Kumbe muadhini hakuchelewa hata siku moja.

Chukua timazi langu, lile la shaba lililo nyuma ya mlango, usimamishe kijiti cha mita moja uani kiwe wima kabisa. Kuanzia saa sita na robo weka alama kwenye ncha ya kivuli kila dakika tano. Kitaelekea kaskazini, na kitakuwa kifupi, kama shibiri moja hivi. Andika ni saa ngapi kilipokuwa kifupi kuliko vyote. Jibu langu nimeliandika nyuma ya tiketi ya kuingilia, tutalinganisha nikirudi.

Na mifuko ya chokaa iliyoko stoo mama yako asiiuze.

Baba yako