Wachora anime hulipwa kwa kila karatasi

Mhariri,

Makala yenu ya Jumapili iliyopita kuhusu katuni za Kijapani (anime) niliisoma mara mbili. Ila mwandishi aliposema siri ya mafanikio yao ni nidhamu na teknolojia, nikajikuna kichwa. Mbona hakugusa malipo ya wachoraji?

Jambo hili lina mizizi. Tarehe 1 Januari 1963 mchora katuni Osamu Tezuka alianza kurusha Tetsuwan Atomu, katuni ya mvulana roboti, runingani, nusu saa kila wiki. Kituo aliuzia kwa bei isiyofikia gharama ya kutengeneza, akategemea midoli na stika za Atomu zilizouza chokoleti za Meiji kuziba pengo. Michoro nayo ikabanwa: mhusika anaongea, mwili umeganda, mdomo tu ndio unaocheza. (Mtindo huo naupenda hadi leo, sikatai.) Lakini bei ile ya kutupa ikageuka bei ya soko. Mushi Production, kampuni aliyoianzisha mwenyewe, ikafilisika mwaka 1973.

Anayeumia zaidi ni mchora michoro ya kati. Fundi mkuu anachora mkono ukiwa chini, halafu mkono ukiwa juu. Kijana anajaza mwendo wote uliobaki, mstari kwa mstari. Hulipwa kwa kila karatasi anayochora, na bei inayotajwa mara nyingi ni kama yeni 200. Mimi ni mchora mabango. Kichwa kimoja chenye nywele zinazopeperuka hunila nusu saa nzima, na hapo sijafuta kitu. Piga hesabu.

Na filamu ikivuma? Mara nyingi mtaji huchangwa na kamati: kituo cha runinga, mchapishaji, kampuni ya muziki, watengeneza midoli. Faida hurudi kwa waliochanga. Studio ambayo haikuweka fedha huchukua ujira wake, basi.

Wapo waliokwenda njia nyingine. Kyoto Animation iliwaajiri wachoraji wake kwa mshahara na kuwafundisha yenyewe. Ndiyo studio iliyochomwa moto Julai 2019, wakafa watu 36.

Mwandishi wenu akirudi kwenye mada hii, namwomba asimamishe picha pale majina yanapopita mwishoni, atafute walioandikwa kwenye michoro ya kati. Aangalie ni studio ngapi za Korea, China na Vietnam zimo humo.

Mchora mabango,
Tanga