Mwanangu, ngoma ibaki

Mwanangu mpenzi,

Natumai u mzima, wewe na wenzako hapo Bagamoyo. Huku Orlando, Marekani, hatujambo, Alhamdulillahi.

Juzi uliniuliza kwenye simu: mama, mtu aliyetunga shoo za bustani za burudani tangu ujana wake anakwenda kusoma nini tena, dansi ya filamu? Nakujibu kwa barua kwa sababu jibu lake ni refu, na kwa sababu wewe mwenyewe u njiani kuingia katika kazi hii.

Mji huu unaishi kwa shoo. Bustani za Walt Disney World zilifunguliwa mwaka 1971, za Universal zikafuata mwaka 1990, na mwaka 1998 Disney ikaongeza Animal Kingdom yenye kijiji cha kubuni kiitwacho Harambe, ambacho wabunifu wake walitazama Lamu. Wachezaji, waimbaji na wanasarakasi wanapata kazi mwaka mzima, na kwa msanii hilo si jambo dogo.

Kazi yenyewe ina elimu yake. Chukua gwaride. Ukumbini mtazamaji amekaa nawe unamchezea mpaka mwisho. Kwenye gwaride yeye amesimama kando ya barabara nawe unapita. Ndiyo maana hatutungi ngoma yenye mwanzo na mwisho. Tunatunga mzunguko mfupi unaojirudia, ili mtoto aliyebebwa begani na baba yake, popote waliposimama, apate kitu kamili kabla hujampita. Halafu kuna mavazi. Aliyevaa kichwa cha mnyama hana uso wa kuchekea, kwa hiyo anacheka kwa mabega na kwa kuinamisha shingo. Nimewahi kukaa na mchezaji mmoja asubuhi nzima tukitafuta mshangao wa mnyama wake ukae wapi, tukaupata kwenye visigino. Shoo ni ile ile mara kadhaa kwa siku na wachezaji wanapokezana zamu, hivyo kila hatua huandikwa ili kesho mwingine aishike. Na mchana wa kiangazi radi ikianza, shoo ya nje husimama, hata kama mmefika patamu.

Lakini shoo ikishafungwa, jukwaa hubomolewa na mavazi hupelekwa stoo. Zinazobaki ni video za wageni, zinatikisika, vichwa vya watu vimejaa mbele. Kazi zangu nyingi ninazozipenda zimeishia hapo, na inaniuma. Hili ndilo lililonirudisha darasani. Nataka kujua walioweza kuiacha ngoma ndani ya picha walifanyaje.

Fred Astaire, mchezaji dansi wa filamu za Hollywood, miaka ile ya 1930, alishikilia kwamba kamera imwonyeshe mwili mzima, kichwa hadi miguu, na isikatekate. Lakini walionigusa zaidi ni Fayard na Harold Nicholas. Katika filamu ya Stormy Weather ya mwaka 1943, ndugu hao wawili wanashuka ngazi kubwa: mmoja anamruka mwenzake na kutua msamba kwenye kidato cha chini, kisha yule aliyerukwa anamruka aliyemtangulia, hivyo hivyo hadi chini. Ukiitazama, angalia wanavyoinuka kutoka kwenye msamba. Hawajisukumi kwa mikono. Miguu yenyewe inajikusanya. Na ujue kwamba Hollywood ya wakati ule ilizoea kuwapa wasanii weusi vipande vilivyosimama peke yake, ili majumba ya sinema ya kusini yenye ubaguzi yaweze kuvikata bila hadithi kuharibika. Sisi darasani tunavirudia vipande hivyo hivyo, tena na tena.

Kisha kuna Busby Berkeley, mtunzi wa dansi za filamu. Yeye alikuwa mwanajeshi katika Vita Kuu ya Kwanza, akipanga gwaride la askari. Alipofika Hollywood akaipandisha kamera juu, wachezaji wakaonekana kama maua yanayofunguka na kufunga. Niliposoma hayo nilimkumbuka babu yangu mzaa baba. Beni za Tanga, vikundi vya ngoma vya Marini na Arinoti, nazo zilichota kwenye gwaride la kijeshi: magwanda, vyeo, tarumbeta, mistari iliyonyooka. Za Berkeley tunazitazama mpaka leo. Ya babu sina hata picha moja, ninayo masimulizi ya bibi yako tu.

Kwa hiyo naomba likizo hii uende Tanga kabla ya kwenda kokote. Bibi bado anaijua lelemama, ngoma ya wanawake wa pwani, na rafiki zake wawili watatu wapo. Waombe ruhusa kwanza, mmoja mmoja, na wakikataa usiwalazimishe. Wakikubali, iweke simu juu ya kitu kisichotikisika, mbali kiasi cha kuingiza miili yao yote, nyayo zionekane. Usivute picha karibu, na usizime mpaka wimbo uishe wenyewe. Lelemama ni ngoma ya mambo madogo, mkono unageuka kidogo tu na bega linajibu, kwa hiyo baadaye warekodi tena kwa karibu, viganja peke yake.

Nauli nitakutumia Ijumaa. Mchukulie bibi kanga, doti moja, ajichagulie jina mwenyewe.

Mama yako